Gundi ya viti vya mbao: vile nimehangaika na viti sita

Nina viti sita vya meza ya kula, mahogany, nilinunua Ngong Road kwa wale mafundi wa kando ya barabara, na kusema ukweli vilinikalia vizuri miaka kama minne hivi. Shida ilianza na mjomba. Si mnajua vile mtu akishiba anaegemea nyuma mpaka kiti kinabaki kwa miguu miwili, sasa mjomba akafanya hivyo Krismasi, mguu ukatoka kwa tundu na yeye akajipata sakafuni na sahani ya pilau kifuani. Watoto wanacheka mpaka leo.

Fundi wa kwanza alikuja na kontakti, ile gundi ya manjano yenye harufu kali wanapakanga soli za viatu. Akapakapaka kwa ufa bila hata kuchomoa mguu, akagonga msumari, akachukua pesa yake. Wiki mbili, kiti kinacheza tena. Kontakti ni nzuri kwa soli, kwa sponji ya sofa, kwa fomaika juu ya kabati, lakini hata ikikauka inabaki kama mpira, na mguu wa kiti unataka kitu kigumu hakitembei.

Nikajifanya mjuaji nikanunua supaglu kwa duka la mtaa. Hiyo ilishika vidole vyangu kabla ya kushika kiti. Inakauka ngumu kama glasi, sasa kiti kikisukumwa kando kidogo tu inapasuka. Siku tatu ikaachia. Kikombe kikivunjika mkono sawa, lakini si kiti cha mtu wa kilo 90.

Mzee mmoja Gikomba ndiye alinitoa ushamba. Aliangalia ule mguu akaniuliza, "Kijana, unagundisha mbao ama unagundisha gundi?" Kumbe gundi nyeupe, hii ya kawaida ya mbao, haishiki vizuri juu ya gundi ya zamani iliyokauka, inataka mbao yenyewe ndio inywe iingie kwa nyuzi. Kwa hivyo tukachomoa miguu yote, ile gundi nyeupe ya zamani tukailainisha na siki ya moto, kontakti ikakwanguliwa na patasi, halafu msasa kidogo, tukaacha mbao ikauke kabisa. Hiyo ndiyo kazi yenyewe, kupaka ni dakika tano.

Unapaka pande zote, ulimi, yaani ile ncha inayoingia, na tundu, kisha unakaza. Klampu sina, lakini mzee akanionyesha blada, zile za kufungia mizigo kwa bodaboda, unazungusha miguu minne unavuta mpaka gundi inatokeza pembeni, na unaipanguza hapo hapo na kitambaa chenye maji, maana ikikauka hapo vanishi haitashika. Kukalia ni kesho yake. Mimi nilifanya Julai na hii baridi yetu, nikaacha siku mbili.

Na tafadhali, usinunue ile ya kupimiwa kwa chupa ya soda! Nilianza nayo, ilikuwa nyepesi kama maziwa ya kuongezwa maji, nikarudia kiti kimoja chote upya. Chukua mkebe umefungwa. Kama viti vinakaa balkoni vinanyeshewa, angalia kama umeandikwa D4, hiyo ni alama ya vile gundi inavumilia maji, D3 inavumilia maji ya muda mfupi tu, na hii nyeupe ya kawaida ikilowa inalainika.

Viti viwili tundu lilikuwa limepanuka, mguu unaingia kama mkono kwa shati la baba. Hapo gundi nyeupe haisaidii, haina nguvu ya kujaza pengo. Nikatumia epoksi, Araldite ile ya tyubu mbili, unachanganya nusu kwa nusu. Imeshika kama simenti na bado iko imara, lakini ni ghali, na siku utataka kufungua hicho kiti tena utavunja mbao, ndio maana sikuiweka kwa vyote. Nyeupe angalau ukiipa joto na maji inaachia.

Sasa vitano viko sawa. Kile cha msumari mbao ilipasuka tukiutoa, kinachongewa mguu mpya. Mjomba naye akija siku hizi anaenda moja kwa moja kwa sofa.