Mihadhara ya jioni tatu kuhusu walinda amani, Raskazone: njoo jioni ya pili

Nililipa shilingi 20,000 kuhudhuria mihadhara hii katika ukumbi mmoja mdogo wa Raskazone, hapa Tanga, iliyoahidi kueleza namna wanasiasa wanavyovibana vikosi vya kulinda amani baada ya operesheni kushindwa. Jioni ya kwanza ilikuwa historia ya Umoja wa Mataifa tangu 1945, na aliyesoma sekondari anaweza kuikosa bila hasara.

Jioni ya pili ndiyo iliyostahili fedha yangu. Mhadhiri alianzia Mogadishu, ambako askari 18 wa Marekani waliuawa katika mapigano yaliyoanza tarehe 3 Oktoba 1993, na Rais Clinton, akiandamwa na Bunge na wananchi, akatangaza kuwa majeshi yake yangeondoka ifikapo 31 Machi 1994. Kisha akaandika ubaoni kwamba kikosi cha Umoja wa Mataifa cha Rwanda, kilichopaswa kusimamia mkataba wa amani uliotiwa saini hapa kwetu Arusha, kiliundwa kwa azimio la tarehe 5 Oktoba, siku mbili tu baada ya mapigano hayo kuanza. Kwa hiyo walinda amani kumi wa Ubelgiji walipouawa Kigali tarehe 7 Aprili 1994, mwanzoni mwa mauaji ya kimbari, hofu ya kupoteza askari ilikuwa imeshatangulia: Ubelgiji iliondoa askari wake, na tarehe 21 Aprili, wakati Jenerali Dallaire, kamanda wa kikosi hicho, akiomba kuongezewa nguvu, Baraza la Usalama likaamua kikosi kipunguzwe hadi watu 270. Wiki moja baadaye wakimbizi wa Rwanda wapatao 250,000 walivuka mpaka wa Rusumo na kuingia Ngara kwa muda wa siku moja hivi. Ukumbi ulinyamaza, isipokuwa feni, ambayo ilipiga kelele jioni zote tatu.

Jioni ya tatu iliniudhi. Muda ulimalizikia kwenye ripoti ya Brahimi ya mwaka 2000, iliyopendekeza mageuzi katika ulinzi wa amani wa Umoja wa Mataifa, na habari za vijana wetu waliokwenda Kongo mwaka 2013 zikasukumwa kwenye dakika kumi za mwisho. Mzee mmoja aliyekaa nyuma aliuliza, “Mwalimu, sisi tulipoteza askari wasiopungua 14 kule Semuliki, Kongo, Desemba 2017, na hatukuondoka, Ubelgiji walipoteza kumi wakafungasha. Tofauti ni nini?” Akajibiwa kuwa muda umekwisha. Swali lile lilistahili jioni nzima, na waandaaji wakilipatia nafasi safari ijayo, nitalipa tena. Wanaokuja kwa jioni moja wanatozwa shilingi 8,000, na kahawa imo.