Milango ya kadi kwenye jengo letu: nyota tatu kwa ofisi, kwa gereza msiinunue

Nilikaa lango la gereza miaka 9, kisha nikahamia kusimamia ulinzi kwenye jengo la ofisi za serikali. Naanza na hilo ili msomaji ajue naupima mfumo huu kwa macho gani. Kampuni iliyotufungia siitaji. Mfumo wenyewe ni ule uliozoeleka: kadi ya plastiki unayoigusisha kwenye kisomeo ukutani, sumaku kubwa juu ya fremu inayoushika mlango, sensa ya ndani inayokufungulia ukitaka kutoka, betri za akiba, na kompyuta inayoandika nani kapita wapi saa ngapi. Milango 14, mwaka wa tatu sasa. Kijitabu cha mauzo kinasema unafaa kwa "ofisi, mahakama na magereza". Neno hilo la mwisho ndilo lililonikalisha niandike.

Uzuri upo, na nautaja kwanza. Kadi ikipotea, mwenyewe ananipigia simu, naifuta, imekwisha. Aliyewahi kushika funguo za gereza ataelewa kwa nini jambo hilo dogo lilinipa faraja. Kule funguo zinakaa kwenye ubao katika chumba cha zamu, kila mmoja na ndoano yake, na kila askari ana kipande cha shaba chenye namba yake ya kazi. Ukichukua ufunguo, unatundika shaba yako mahali pake. Wakati wa kukabidhiana zamu tunahesabu kwa sauti: anayeondoka anataja, anayeingia anagusa. Jioni moja shaba ilikuwa ndoanoni na ufunguo haupo. Hakuna aliyekwenda nyumbani. Zamu mbili tulisimama uani, wafungwa wakarudishwa vyumbani na kuhesabiwa upya, nasi tukapekuana wenyewe kwa wenyewe kuanzia mkuu wa zamu. Ulipatikana saa tano usiku ndani ya koti la askari mmoja. Mshono wa mfuko ulikuwa umefumuka na ufunguo ukazama kwenye bitana. Usingepatikana, kila kitasa kilichofunguliwa na ufunguo ule kingeng'olewa. Kwa hiyo mfumo unaoniwezesha kuuzima ufunguo uliopotea kwa kubofya mara moja naupa heshima yake.

Kumbukumbu za kompyuta nazo zimetusaidia. Faili lilipokosekana masijala tulijua ndani ya dakika chache nani aliingia baada ya saa za kazi, na hakuna karani aliyeshukiwa bure.

Sasa kadi zenyewe. Fundi kijana wa kitengo cha kompyuta alikuja mezani kwangu akasema, "Mzee, niazime kitambulisho chako kidogo." Hata sikukivua shingoni. Alisogeza kifaa cha ukubwa wa rimoti ya runinga, kikalia mara moja. Akatoa kadi nyeupe tupu, akaibandika kwenye kifaa kile, kikalia tena. Tukaenda pamoja hadi mlango wa chumba cha seva, chumba ambacho mimi na watu watatu tu tuna ruhusa nacho. Taa ya kijani. Kompyuta ikaandika jina langu na saa, na mimi nimesimama pale mikono mitupu. Usiku ule sikulala vizuri, nasema kweli. Kumbukumbu nilizokuwa nikizisifu zilikuwa tayari kutoa ushahidi dhidi yangu kwa mlango nisioufungua.

Tatizo ni la aina ya kadi. Hizi za kilohezi 125 hazina siri ndani. Zikiamshwa na kisomeo chochote hutaja namba yao, ile ile, kwa yeyote. Na namba yenyewe ni fupi: katika mpangilio wa biti 26, ambao bado umeenea sana, kuna namba ya eneo isiyozidi 255 na namba ya kadi isiyozidi 65,535, basi. Kisha tukafungua kisomeo cha mlango wa nyuma, skrubu mbili tu. Ndani mna waya wa kijani na mweupe unaopeleka namba hiyo kwenye boksi la udhibiti bila kufichwa kwa lolote. Tulikiacha kisomeo kikining'inia kwa nyaya zake robo saa nzima. Hakuna king'ora kilicholia.

Anayenunua leo amuulize muuzaji mambo mawili bila haya: je, kadi inajithibitisha kwa ufunguo wa siri wa AES, yaani mbinu imara ya kusimba (kuficha) data, na je, kisomeo kinazungumza na boksi kwa OSDP, lugha ya mawasiliano kati ya viwili hivyo inayoweza kusimbwa, huku usimbaji wake ukiwa umewashwa kweli? Neno "kadi ya kisasa" lisimtoshe. Kadi za MIFARE Classic zilienea dunia nzima zikiwa na usimbaji ambao kampuni iliufanya siri. Mwaka 2008 watafiti wa Chuo Kikuu cha Radboud, Nijmegen, walionyesha jinsi ya kuzinakili, na serikali ya Uholanzi ikabidi iongeze ulinzi kwenye majengo yake yaliyozitumia. Marekani ilikuwa imeamua mapema kwa agizo la rais la Agosti 2004, lililozaa kadi ya pamoja ya watumishi wa serikali kuu, yenye chipu na vyeti vya kidijitali.

Sensa ya kutokea sikuipenda tangu siku ya kwanza. Inafungua kwa kuhisi joto na mwendo, kwa hiyo mlango wenye upenyo mpana ni mlango unaoweza kudanganywa na mtu aliye nje. Tumeziba penyo na kwenye vyumba nyeti tumeweka kitufe.

Nirudi kwa magereza. Mwaka jana muuzaji alinipigia akitaka nimtambulishe kwa wenzangu wa zamani. Nikamwambia hapana. Akasema, "Lakini afande, mlango ni mlango." Si kweli, na nilimweleza hadi akanyamaza.

Sumaku inashika maadamu umeme upo. Ofisini ndivyo inavyotakiwa: kengele ya moto ikilia, umeme wa sumaku unakatwa, watu wanasukuma mlango na kutoka. Gerezani umeme ukikatika kitasa lazima kibaki kimefunga, na ndiyo maana kila chumba lazima kifunguke kwa ufunguo wa mkono. Maana yake kuna binadamu anayepaswa kufika. Asipofika, waliomo ndani wanakufa. Februari 2012 gereza la Comayagua, Honduras, liliungua usiku na zaidi ya watu 350 wakafa, wengi wao wakiwa wamefungiwa ndani. Sisi tulilisoma tukio lile kwenye mafunzo, na mkuu wetu akaanza mazoezi ya usiku. Alizima taa zote, akashika saa mkononi, akataja bweni. Mara ya kwanza mwenzangu alipapasa funguo gizani, akajaribu mmoja, wa pili, wa tatu, huku sisi tukiwasikia wafungwa wakikohoa kwa kawaida tu ndani na kila mmoja wetu akifikiria kama kikohozi kile kingekuwa cha moshi. Wiki iliyofuata kila ufunguo wa dharura ulifungwa uzi mnene wenye mafundo: fundo moja bweni la kwanza, mawili la pili, hadi sita. Mkono ukawa unajua bila macho. Hakuna mahali popote katika kijitabu cha mauzo panapouliza nani ana ufunguo wa mkono na atafika kwa dakika ngapi.

Kompyuta nayo ina hatari yake kule. Juni 2013, katika gereza la Turner Guilford Knight huko Miami, milango ya vyumba vya wafungwa wa ulinzi mkali ilifunguka yote kwa mpigo kupitia mfumo wa kielektroniki. Mfungwa mmoja aliruka kutoka ghorofani kuwakimbia waliomfuata. Ofisini milango yote ikifunguka kwa mpigo tunapoteza vifaa. Kule anapotea mtu, awe mfungwa au askari.

Kuna kitu kimoja cha gereza ambacho mfumo huu ulikifanya vizuri, na hapa fundi wao anastahili sifa. Nilimwomba aunganishe milango miwili ya mapokezi ifanye kazi kama lango letu la zamani, wa ndani usifunguke mpaka wa nje uwe umefunga. Kule lori likiingia, lango la nyuma yake linafungwa, lori linakaguliwa hadi chini kwa kioo, watu wanahesabiwa, ndipo la mbele linafunguka. Fundi alifanya kazi hiyo kwa siku moja, bila vifaa vipya. Tangu hapo tabia ya mtu kumshikia mwenzake mlango, ambayo hakuna tangazo ukutani lililowahi kuikomesha, imeisha pale mapokezi. Kengele ya moto inaifungua yote miwili. Nililijaribu hilo mwenyewe mara nne kabla ya kusaini.

Hivyo nyota tatu, kwa ofisi ambayo itakubali kubadilisha kadi na visomeo. Sisi tumebadilisha milango 13. Wa nyuma, ule wa skrubu mbili, bado unasubiri kisomeo kipya, na mpaka kifike nimempanga mlinzi pale kila usiku na daftari.