Uzoefu wangu: Kitambaa cha Bayeux, na sindano iliyonishinda

Kwanza tuwekane sawa: watu hukiita zulia la ukutani, lakini hakikufumwa. Ni kitani kilichodariziwa kwa sufu, vipande 9 vilivyoungwa vikawa kitu kimoja chenye urefu wa karibu mita 70 na upana wa nusu mita tu. Ungehitaji leso zaidi ya 40, ncha kwa ncha, kuufikia urefu huo.

Nimelelewa Lamu na shangazi aliyekuwa akishona kofia za mkono. Ukimletea kazi yako akuangalizie, hasemi neno kabla hajaigeuza. "Lete nyuma nione, mwanangu." Uso kila mtu huutengeneza, fundo na uzi ulioruka huonekana mgongoni. Nilipofika Bayeux, Ufaransa, kiangazi cha 2024, nilikwenda na jicho hilo hilo.

Chumba kina giza, kitambaa kiko nyuma ya kioo, nawe unakizunguka kwa umbo la kwato ya farasi huku kifaa cha sauti kikikusimulia onyesho baada ya onyesho. Mzunguko wa kwanza nilimfuata msimulizi. Wa pili nilivua kifaa nikatazama mishono. Huo wa pili ndio uliolipia nauli.

Hadithi yenyewe ni ya William, mtawala wa Normandy huko Ufaransa, kuitwaa Uingereza mwaka 1066. Kitambaa kilishonwa miaka michache tu baadaye, na wasomi wengi wanaona aliyekiagiza ni Odo, askofu wa Bayeux, ndugu wa William kwa mama. Ukilijua hilo, mengi yanafunguka. Harold, mkuu wa Kiingereza aliyekuja kuvaa taji kisha akashindwa na William, anaonekana akiapa mbele yake William, mikono yote miwili juu ya masalia matakatifu. Wapi? Bayeux, mjini kwa Odo! Mwandishi wa wakati huohuo, William wa Poitiers, anasema kiapo kile kilifanyika Bonneville. Mwenye kulipa fundi huchagua ua la kofia yake.

Kuna mahali nilisimama mpaka watu wakanipita. Mfalme Edward wa Uingereza, aliyetawala kabla ya Harold, anabebwa kwenda kuzikwa, jeneza likielekea kanisa la Westminster, jipya kabisa, fundi bado yuko juu akipachika jogoo wa kuonyesha upepo. Onyesho linalofuata, Edward huyohuyo yuko kitandani, hai, akiongea na watu wake. Mazishi kwanza, kifo baadaye! Jirani yangu alidhani mafundi walikosea. Mimi sidhani. Kwa mpangilio ule, maneno ya mwisho ya mfalme yanakaa ubavuni mwa Harold akipewa taji, na wewe mtazamaji unaachiwa kazi ya kuuliza aliusiwa nini. Kwao wakati uliopita haukuwa kamba iliyonyooka. Waliukunja palipohitaji kukunjwa.

Tena, inaaminika kilishonwa Uingereza, pengine Canterbury, yaani na watu wa upande ulioshindwa. Harold anaandikwa HAROLD REX, mfalme, tena hadi dakika ya kuuawa. Kitabu cha kodi cha William cha mwaka 1086 hakimpi heshima hiyo.

Na ule mshale wa jichoni unaosemwa ulimuua Harold, ambao kila mtoto wa Uingereza anaujua? Michoro iliyonakiliwa kutoka kitambaani katika karne ya 18, kabla ya matengenezo ya karne ya 19, haiuonyeshi hivyo. Kile kijiti kinafanana zaidi na mkuki. Halafu mtu wa pili, anayeanguka pembeni, ana matundu ya sindano kichwani pasipo uzi. Palikuwa na kitu, kikatoka. Shangazi angefurahi.

Sasa kipande changu. Niliporudi niliagiza mtandaoni vifaa vya kujishonea farasi mmoja wa Bayeux, pauni 38. Muuzaji simtaji, ila nampa nyota 1. Uzi ulioandikwa "sufu" niliuchoma ncha kwa kiberiti: ukayeyuka, ukawa kidonge cheusi kigumu. Sufu huungua ikanuka nywele. Maelezo nayo yalinitaka nijaze mwili wa farasi kwa mishono ya kawaida, mbele na nyuma, jambo ambalo wale mafundi hawakulifanya. Wao walilaza nyuzi ndefu bega kwa bega hadi umbo likajaa, wakapitisha nyuzi nyingine juu yake kwa kukatiza, milimita chache chache, kisha wakazibana hizo kwa vijishono vidogo. Sufu karibu yote hubaki usoni, nyuma ni vidoti tu. Nilinunua sufu yangu nikaanza upya. Wiki tatu, nina shingo na mguu mmoja na nusu. Mguu wa mbali niliutia rangi tofauti kama wao, maana ndivyo walivyoonyesha kwamba uko nyuma ya mwenzake.

Kwa anayepanga safari: jumba la Bayeux limefungwa kwa ukarabati tangu 1 Septemba 2025, na kitambaa kimepangwa kuonyeshwa British Museum, London, kuanzia Septemba 2026 hadi Julai 2027. Nyota 5 bila kusita, nenda.

Ukikosa tiketi, uko mwigo kamili katika jumba la makumbusho la mji wa Reading, Uingereza, ulioshonwa na wanawake zaidi ya 30 wa mji wa Leek na kumalizika mwaka 1886. Hao walitia majina yao chini ya kazi, jambo ambalo wa kale hawakulifanya. Walifuata picha zilizopakwa rangi kwa mkono, ambazo tayari zilikuwa zimetiwa adabu: kule pindoni Bayeux kuna mwanamume yu uchi wa mnyama, na wa Reading kavaa kaptura. Nilimwuliza mlinzi kama naweza kuona nyuma. Akacheka, akaniuliza mimi ni fundi wa wapi.