TAHADHARI: "Saa ya meli ya Mjerumani" yenye zebaki nyekundu, watu wanapigwa hela

Wadau, mimi ni fundi saa hapa Kariakoo na leo kuna mama kaniletea tena lile boksi, la mbao, kona zimepigwa shaba, ndani kuna saa ya mviringo, dira ndogo pembeni na kibati cha kupima kivuli cha jua, eti "kronomita ya manowari Königsberg", inapima saa za baharini na tumboni ina zebaki nyekundu ya mabilioni. Anataka nimfungulie taratibu isije ikalipuka. Keshawatumia hao waliomuuzia milioni mbili ya kishika uchumba na bado wanamdai ya "dawa ya kufungulia".

Jamani hakuna chombo cha hivyo duniani, wamekibuni wao.

Mchezo wenyewe uko hivi. Kwanza anakupigia mtu anajifanya wakala wa tajiri wa Dubai, anaulizia kama kwenu kuna vitu vya Mjerumani, analipa hela ya kufa mtu, anakuachia namba. Siku mbili tatu anaibuka mzee mpole wa Rufiji, babu yake alikuwa kibarua wa Wajerumani akaficha saa, yeye thamani yake haijui anataka tu hela ya matibabu. Hapo unajiona mjanja, ununue kwa mzee umuuzie Mwarabu. Kumbe mzee na wakala wanakula sahani moja, ukishatuma tu wakala hapatikani, mzee ndo anaanza nyimbo za dawa.

Na hadithi wameichagua vizuri maana nusu yake ni kweli. Königsberg ilikuwepo, ilijificha kwenye delta ya Rufiji, Waingereza wakaitandika mpaka Wajerumani wakaizamisha wenyewe Julai 1915, mizinga yake wakaiopoa wakaenda kupigania nchi kavu. Sasa soma maandishi kwenye uso wa hiyo saa: KELVIN & HUGHES LONDON 1917. Yaani meli ya Mjerumani, iko vitani na Mwingereza, saa katoa London, tena miaka miwili baada ya meli kuzama! Halafu kampuni ya jina hilo imeanza kuitwa hivyo 1947. Hayo maandishi ni urembo tu, viboksi vya shaba vya hivi vinatengenezwa India kwa ajili ya kupamba meza, na anayekuuzia kama pambo kwa bei ya pambo hana kosa lolote.

Tuje kwenye mashine. Kronomita ya kweli ya meli ni saa ya ufunguo, inaning'inia kwenye pete mbili za shaba ili meli ikiyumba yenyewe ibaki imelala sawa, na mshale wake wa sekunde unaruka nusunusu, mara mbili kila sekunde. Huu wa mama unaruka mara moja, unasimama, unaruka, nikajua kabla sijashika bisibisi. Nafungua, mashine ya plastiki na betri ya rimoti! Chini ya dira wamebandika sumaku ya spika kwa gundi, ndo maana hata uligeuze vipi boksi sindano haitafuti kaskazini, inang'ang'ania upande mmoja, wao wanasema "nguvu ya zebaki" hiyo. Na kile kibati cha kivuli kimesimama kama nyuzi 50, hicho ni cha kutumia London huko, Rufiji ipo nyuzi 8 tu kusini ya ikweta, kingetakiwa kiwe kimelala karibu kugusa sahani.

Zebaki nyekundu ya kwenye stori haipo. Zebaki ninayoijua mimi ina rangi ya fedha, na kweli kuanzia karne ya 18 iliwekwa kwenye pendulamu (ule uzito unaobembea) za saa kubwa ili joto lisivuruge majira, lakini pendulamu ndani ya meli si inayumba na mawimbi, nani ataiweka? Mwaka 2009 Saudi Arabia watu waligombania cherehani kuukuu za Singer kwa bei za ajabu kwa uvumi huuhuu, eti zina zebaki nyekundu ndani.

Kingine, wanakutisha usiende polisi, "tutakamatwa wote". Hapo wanatumia kaukweli, maana kusafirisha mambo ya kale nje bila kibali ni kosa tangu Sheria ya Mambo ya Kale ya 1964. Ila wewe umenunua saa ya betri, nenda kaseme. Namba waliyokupigia itume 15040, namba ya kuripoti matapeli wa simu, meseji zao usifute.

Na msisubiri kusikia Rufiji tu. Mteja mwingine kaambiwa saa imetoka Kigoma, kwenye ile meli Wajerumani waliizamisha 1916 ikaibuliwa 1924 ikawa Liemba. Boksi ni lilelile na London ileile juu yake.