Mbegu safi, maelezo ya pakiti yanapotosha

Pakiti hii ya mbegu mchanganyiko za antirinamu ndefu niliinunua kwa ajili ya mwanangu, aliyewahi kuliona ua hili mara moja tu na hajasahau jinsi linavyopanua mdomo ukilibinya mashavuni. Mbegu naipa nyota nne. Maelezo ya nyuma ya pakiti siyapi hata moja.

Yanasema ufukie mbegu kwa udongo wa nusu sentimita. Nilitii. Wiki tatu zikapita, trei nzima ikatoa miche minne. Mbegu za antirinamu ni ndogo kama vumbi, na huhitaji mwanga ili ziote, ukizifukia, umezizika. Nusu iliyobaki niliichanganya na mchanga laini mkavu zisirundikane, nikainyunyiza juu ya udongo uliokwisha loweshwa, nikazikandamiza kwa kiganja na kuziacha wazi. Maji nilitia kwenye sinia chini ya trei yapande yenyewe, maana ukimwagia juu husombwa zote pembeni. Siku ya 11 trei ilikuwa kijani.

Miche ilipofika sentimita 10 nikaikata ncha. Roho iliniuma, baada ya kuisubiri kiasi kile! Lakini kila mche ulichipua matawi matano au sita badala ya bua moja. Bustanini niliipa nafasi ya sentimita 30. Pakiti inasema 15, na kwa aina ndefu huko ni kuibananisha. Hewa isipopita, kutu, yaani ugonjwa wa ukungu wa majani, huingia. Hata hivyo nilikuta vipele vya kahawia chini ya majani ya miche miwili, nikaing'oa papo hapo. Mingine imesalimika. Naimwagilia shinani, asubuhi, majani yakibaki makavu.

Rangi zilizoahidiwa ni sita, zimetoka tano, nyeupe sijaiona. Sijali, kwa jinsi ile nyekundu ilivyokolea. Nyuki wadogo huzunguka mdomo wa ua na kuondoka, ila wale wanene wenye manyoya husukuma mpaka wakazama ndani, na ua likafunga nyuma yao. Mwanangu anaweza kukaa hapo asubuhi nzima akingoja watoke.

Joto lilipozidi, maua yalikoma. Nikayakata mabua kwa theluthi moja, na hali ya hewa ilipopoa yakachanua upya. Mabua mawili nimeyaacha yakauke nipate mbegu, ingawa najua rangi hazitarudi zilezile.