Nililipia Yuri Shimai la tano, nikaletewa Yuri Hime

Siku chache zilizopita nilipokea bahasha kutoka kwa muuzaji wa majarida ya zamani aliyeko Tokyo, na tangu niifungue hasira haijanitoka. Nililipia matoleo yote matano ya Yuri Shimai, jarida la manga, yaani hadithi za katuni za Kijapani, za mapenzi ya wanawake kwa wanawake lililoanza mwaka 2003 na kukoma mwaka uliofuata. Manne yalikuwemo. Badala ya la tano nilikuta toleo la kwanza la jarida jingine, Yuri Hime, na kibandiko cha bei kimegandishwa juu ya jina lenyewe, hata nilipokibandua kikaondoka na kipande cha jalada.

Nilipopiga simu, bwana aliyepokea alinijibu kwamba yote ni ya yungiyungi (ndiyo maana ya neno yuri, jina wanaloziita hadithi za aina hii), mhariri ni yuleyule na wachoraji ni walewale, sasa nalalamikia nini? Kisha akakata simu kabla sijamaliza kueleza.

Ni kweli kwamba jarida la kwanza lilipofungwa, mhariri wake alihamia kampuni ya uchapishaji ya Ichijinsha pamoja na baadhi ya wachoraji, akaanzisha Yuri Hime mwaka 2005, na hadithi kama Hatsukoi Shimai, iliyoanzia kule, ikaendelea huku. Lakini hiyo ndiyo sababu ya kulitaka toleo la tano: hapo ndipo uzi ulipokatika, na asiyeliona hawezi kujua wachoraji waliachwa wapi mchapishaji alipowafungia mlango. Kumwambia msomaji kwamba ni mamoja ni kumfutia historia mbele ya macho yake.

Nikiri kwamba yale manne yametunzwa vizuri mno, na kwamba usiku ule nililisoma Yuri Hime nisiloliagiza hadi alfajiri, nikakaribia kumsamehe yule bwana na hata kuwashauri wengine wanunue kwake. Kisha nikakumbuka Tsubomi na Hirari, majarida mengine ya aina hii yaliyoanza mwaka 2009 na 2010, kila moja na wachoraji wake na ladha yake, na yote mawili yakafa. Je, na hayo angeyaita mamoja? Msinunue kwake, isipokuwa kama mko tayari kuhesabu matoleo naye moja moja kabla ya kulipa.

Leo asubuhi nimelirudisha Yuri Hime kwa posta, kwa gharama yangu, na ndani nimeweka karatasi yenye jina la jarida nililolilipia, kwa herufi kubwa.