Weird Tales, 1923 hadi 1954: jarida linalostahili kusomwa toleo zima

Kwa miezi kadhaa nimekuwa nikisoma matoleo ya zamani ya Weird Tales, jarida la hadithi za kutisha lililoanzishwa na J. C. Henneberger huko Chicago, na ambalo toleo lake la kwanza lina tarehe ya Machi 1923. Nimeridhika sasa kwamba anayetaka kulifahamu asianzie kwenye mikusanyo ya hadithi teule, bali achukue toleo moja na kulisoma lote, kuanzia jalada hadi barua za wasomaji.

Hilo nimelijua baada ya kupata hasara. Kitabu cha kwanza nilichonunua kilitangazwa kuwa nakala kamili ya toleo la Februari 1928, lakini kilipofika nilikuta barua na matangazo yameondolewa, na katika kurasa kadhaa safu ya kulia imekatwa ukingoni hata kila mstari ukapoteza herufi mbili au tatu za mwisho. Baadaye nilipata picha za kurasa zenyewe, zikiwa na karatasi iliyogeuka rangi ya chai na madoa ya kutu pale palipokuwa na pini, na hapo ndipo nilipoanza kulielewa jarida hili.

Toleo hilo la Februari 1928 ndilo lililochapisha kwa mara ya kwanza "The Call of Cthulhu" ya H. P. Lovecraft, hadithi ambayo leo inajulikana kuliko karibu zote zilizowahi kutoka humo. Hata hivyo jalada halikupewa hadithi hiyo. Lilipewa hadithi nyingine, inayohusu meza yenye mzimu. Mhariri Farnsworth Wright alikuwa ameikataa kazi hiyo ya Lovecraft kabla ya kubadili mawazo. Msomaji wa mkusanyo hukabidhiwa hadithi iliyokwisha kuvikwa taji, ilhali msomaji wa toleo zima anaikuta ikiwa imepangwa pamoja na nyingine, baadhi yao dhaifu sana, na analazimika kuipima mwenyewe kama alivyofanya aliyelipa senti 25 kibandani.

Wright ndiye moyo wa jarida hili. Alishika uhariri kuanzia Novemba 1924, baada ya mwaka mmoja tu wa uhai kulitumbukiza jarida katika deni kubwa. Mhariri wa kwanza, Edwin Baird, alikuwa ameondoka, na toleo la pamoja la Mei hadi Julai 1924 lilikuwa limejaribu kuvuta wanunuzi kwa hadithi iliyobeba jina la mwanamazingaombwe Houdini, ingawa mwandishi wake halisi alikuwa Lovecraft. Kwa miaka 15 iliyofuata Wright aliliendesha akiwa mgonjwa wa Parkinson, maradhi ambayo hatimaye yalimnyima hata uwezo wa kutia sahihi yake mwenyewe. Alikosea, tena si mara moja: mwaka 1931 aliikataa "At the Mountains of Madness", na uamuzi huo ulimvunja moyo Lovecraft. Lakini ni yeye aliyempa Robert E. Howard nafasi ya kukua, na mwaka 1928 alichapisha hadithi ya kijana ambaye baadaye ulimwengu ungemjua kama mwandishi wa tamthilia, Tennessee Williams. Siwezi kulipuuza, hata hivyo, suala la malipo, maana waandishi walilipwa kidogo na kwa kuchelewa. Mwaka 1935 Howard alikuwa akilidai jarida zaidi ya dola 800, na alifariki mwaka uliofuata.

Sehemu ninayoipenda kuliko zote ni ile ya barua, iliyoitwa The Eyrie, yaani kiota cha tai. Wasomaji walitaja humo hadithi iliyowapendeza zaidi, wakamkosoa mhariri, na wakabishana kwa ukali kuhusu wanawake waliovaa nusu uchi katika majalada ya Margaret Brundage. Majalada hayo, yaliyoanza mwaka 1932, alikuwa akiyachora kwa chaki laini, na rangi yake ina ung'avu ambao wachoraji waliomtangulia hawakuufikia.

Ipo kasoro inayoniumiza, nami siitaji kwa kupita tu. Katika hadithi nyingi Mwafrika au Mwasia huletwa ili awe mchawi, mtumwa au tishio, na mara nyingi mwandishi hutegemea rangi ya mtu huyo imtishe msomaji badala ya kuijenga hofu yenyewe. Hapo hadithi huanguka hata kwa kipimo cha ufundi.

Baada ya jarida kuuzwa mwaka 1938 na kuhamia New York, Dorothy McIlwraith alichukua nafasi ya Wright mwaka 1940 na kulilinda kwa uaminifu, huku likitoka mara moja kila miezi miwili, hadi lilipofungwa kwa toleo la Septemba 1954. Kipindi hicho kina hadithi nzuri za Ray Bradbury, ila barua zimepungua, na nami huzikosa.

Anayeanza achague toleo lolote la kati ya 1928 na 1936, ahakikishe kabla ya kulipa kwamba kurasa za The Eyrie zimo, kisha asome kwanza hadithi ambazo hajawahi kusikia majina ya waandishi wake.